Kibali cha Kupitisha Joto

Niseme mapema: hasira zangu ziko karibu. Hapa mjini Nyeri wateja wangu wananijua, na wale wanaoleta redio zilizomwagikiwa chai halafu wanaapa hazijaguswa na maji wananijua zaidi. Lakini Jumatatu ile sikwenda kugombana na mtu. Nilipanda ngazi za ofisi ya vibali na risiti mkononi, nikamsalimia askari wa mlangoni vizuri, nikajiambia, Wacera, leo utaongea kama mama wa kanisa.

Nilifuata kifurushi changu. Kitu kidogo tu, kingeingia mfuko wa koti: tyubu mbili za grisi nyeupe na karatasi moja laini ya kijivu, nene kama chapati. Nilikuwa nimeviagiza ng'ambo mwezi uliopita kwa kazi za duka. Ni vitu vya kuondoa joto. Kila kifaa cha umeme kinachofanya kazi ngumu hupata joto, na joto lisipopata pa kwenda, kifaa kinaungua. Kwa hivyo kati ya kile kinachochemka na bamba la aluminiamu linalokipoza, fundi huweka kitu kinachopitisha joto lakini kinazuia umeme. Ndiyo hiyo karatasi na hiyo grisi. Hakuna uchawi.

Wiki hiyo sikuvitaka kwa kazi za duka. Nilivitaka kwa mashine moja tu. Baba yangu, Ngatia, ana miaka sabini na minne na mapafu yake yamejaa makovu. Anapumua kwa mashine ya oksijeni, ile inayovuta hewa ya chumbani, inaichuja, kisha inamletea oksijeni kwa mrija wa puani. Jumamosi mashine ilianza kulia na kujizima kila baada ya robo saa. Nikaifungua: ile karatasi ya kuondoa joto imekauka, imepasukapasuka kama kisigino cha mtu wa shamba. Tukakodi mtungi wa oksijeni. Kwa kiasi anachotumia, ungemalizika Alhamisi saa sita mchana, na mwenye mitungi alisema hana mwingine mpaka wiki ijayo. Kurudi wodini baba alikataa. Alikuwa amelala huko wiki tano, akaona wanaume wanne wa vitanda vya karibu wakifunikwa shuka, akaapa kwamba hatarudi akiwa mzima.

Basi hesabu yangu ilikuwa rahisi. Alhamisi saa sita.

Nyuma ya kaunta alikaa msichana wa miaka ishirini na kitu, beji imeandikwa Wendy. Akasoma risiti yangu, akabonyeza kompyuta, akabonyeza tena.

“Madam, mzigo wako umeshikwa. Hii grisi ni kemikali. Kanuni mpya inasema kemikali yoyote ya kuweka ndani ya vifaa vya umeme iwe na cheti cha ubora na karatasi ya usalama kutoka kwa aliyeitengeneza.”

“Kemikali? Hata chumvi ni kemikali, mbona hamjaishika?”

“Madam, si mimi niliandika…”

“Miaka kumi na nane natumia hiyo kitu. Haijawahi kuua mtu. Lakini hii karatasi yenu itaua, na mwenye atakufa ni babangu!”

Nikamweleza habari ya mashine na mtungi. Akanisikiliza mpaka mwisho, akainuka. “Ngoja hapo dakika tano,” akasema, akapotelea mlango wa nyuma.

Sasa, mtu wa huku kwetu akiambiwa dakika tano na ofisi, anajua anazungushwa. Huyo ameenda kunywa chai, atarudi akwambie mkubwa hayuko, uje kesho. Leseni ya duka langu niliingoja dakika tano za namna hiyo kwa miezi saba. Nilitazama saa ya ukutani. Dakika ya sita damu ikapanda. Nikawaambia wote waliokaa kwenye benchi kile ninachofikiria kuhusu ofisi hiyo, pamoja na mzee mmoja wa Kiriaini aliyekuja tu kuuliza habari ya mizani yake ya kahawa. Kisha nikatoka na kufunga mlango kwa nguvu mpaka nikasikia kalenda ikianguka.

Jumanne nilikuwa kama kuku anayetafuta mahali pa kutagia. Maduka ya Nairobi niliyoyapigia yalinipa hadithi moja: hatuna, mizigo imeshikwa. Muuzaji wa ng'ambo akanitumia cheti, kurasa tatu, zote Kichina. Nikakituma ofisini kwa imeili. Kompyuta yao ikajibu yenyewe kwamba hati ziwe kwa Kiingereza au Kiswahili na zigongwe muhuri. Nikakata kipande cha mika, lile gamba la kuzuia umeme, kutoka kwa pasi ya zamani, nikakiweka mahali pa ile karatasi. Bila grisi mashine ilikwenda dakika arobaini ikajizima. Mwai, jirani yangu anayeuza simu, akaja kunishauri nipake dawa ya meno.

“Weka ile ya minti,” akasema. “Si minti ni baridi?”

“Mwai, toka hapa kabla sijakupaka wewe.”

Saa nane simu ikalia, namba ya mezani. Niliposikia tu “Madam, nakupigia kutoka ofisi ya…” nikakata. Ikalia tena, nikakata tena. Kama ni kuniambia kuhusu mihuri, nilikuwa nimeshiba.

Jumatano asubuhi nilikuwa nyumbani kwa baba, Gatitu, nimeinamia mashine sakafuni kando ya kitanda chake. Mtungi ulikuwa umebaki na robo. Baba alinitazama kwa muda mrefu. Yeye ndiye aliyenifundisha kazi hii. Kabla ya mapafu kumshinda alikuwa fundi wa redio za mawasiliano, zile za ranchi za Naro Moru mpaka Nanyuki, na hakuna aliyemfikia.

“Maitu,” akaniita. Huniita hivyo, mama yangu, kwa kuwa nimebeba jina la mama yake. “Unasumbuka na makaratasi na dawa iko hapa. Angalia kwa hiyo sanduku chini ya kitanda. Kuna kopo ya kakao.”

Ndani ya kopo kulikuwa na vigae vyeupe vidogo, laini, vikiwa thelathini hivi.

“Nilikuwa naita hizo meno,” akasema. “Nilitoa kwa redio kubwa za zamani zikitupwa. Umeme haipiti, lakini joto inapita mbio kuliko kitu yoyote umewahi kuona. Redio ya mtu ikisumbua na joto, nasaga jino moja, naweka. Hairudi tena! Hata grisi haitaki sana. Piga tupa mpaka itoshe.”

Wacha nifurahi! Nilicheka peke yangu kama mwendawazimu. Nikachagua jino moja, nikalishika kwa koleo, nikalipiga tupa palepale kando ya kitanda, unga mweupe ukianguka kwenye goti langu. Nikataka kuufuta kwa kitambaa.

“Usifute!” baba akasema. “Puliza. Kitambaa inaacha mafuta, na mafuta ni adui. Fundi anapuliza.”

Ni kweli, fundi anapuliza. Hivyo ndivyo alivyonifundisha, na hivyo ndivyo nimefanya maisha yangu yote. Nikalileta karibu na mdomo nikalipuliza, puu, puu, kisha nikampa baba naye akalikagua, akapuliza mara moja kwa pumzi kidogo aliyokuwa nayo, akakohoa, akaitikia kwa kichwa kuonyesha kwamba sasa liko sawa.

Nikalifunga ndani ya mashine. Nikawasha. Robo saa ikapita. Saa moja ikapita. Bamba la aluminiamu lilikuwa vuguvugu tu. Baada ya saa mbili nikafunga mtungi, baba akiwa amevuta mrija wa mashine puani, uso wake umepata rangi.

“Kitu ya zamani,” akasema kwa majivuno. “Haina stempu, haina cheti.”

Hapo ndipo kichwa changu kilivimba. Mtu mwenye akili angemshukuru Mungu, akachemsha chai, akakaa. Mimi nilichukua jino lingine kwenye kopo, nikalifunga kwa leso na kurudi mjini. Nilitaka kuliweka mbele ya yule msichana. Nilikuwa nimepanga maneno njiani, na yalikuwa maneno matamu.

Wendy aliponiona alisimama. “Madam! Nimekutafuta sana.”

“Hata usinitafute,” nikasema kwa sauti ya kusikika mpaka kwa benchi. Nikafungua leso juu ya kaunta. “Unaona hii? Hii imefanya kazi ambayo nyinyi mmekataa nifanye. Babangu ametumia hizi tangu mwaka wa themanini na tatu. Hakuna cheti. Hakuna karatasi ya usalama. Na mashine inapumua sasa hivi, asante sana.”

Alikuwa anatazama lile jino. Alinyoosha kidole, kisha akakirudisha.

“Hii imetoka wapi?”

“Kwa redio za zamani. Redio zenyewe, si takataka za siku hizi.”

“Umeikata?”

“Hiyo bado. Nimekata nyingine. Kwa tupa.”

“Ulifunika mdomo?”

“Nifunike mdomo kwa nini? Nimepuliza.”

Akavuta droo, akatoa mfuko wa plastiki, akalisukuma jino ndani kwa kalamu na kufunga mfuko. Kisha akageuza kompyuta niione. Kulikuwa na orodha ndefu, na picha, na kwenye picha vigae vyeupe ndugu kabisa wa vile vya kopo la kakao.

“Bila maabara siwezi kuapa,” akasema polepole. “Lakini tulifundishwa kuzitambua. Kuna vigae vya redio kubwa za zamani vilitengenezwa kwa madini yanaitwa beriliamu. Hakuna kitu kinapitisha joto hivyo na kuzuia umeme, ndiyo maana walivitumia. Kikiwa kizima hakina shida. Kikisagwa, ule unga ukiingia kwa mapafu hautoki. Mtu anaweza kukaa miaka kumi, ishirini, hajui. Halafu mapafu yanaanza kufanya makovu.” Akanitazama. “Samahani kukuuliza. Baba yako anaumwa na nini?”

“Makovu kwenye mapafu,” nikasema.

Madaktari walikuwa wamemtibu kifua kikuu mara mbili, na hakikuwa kifua kikuu. Walimuuliza kama anavuta sigara, hajawahi. Walimuuliza habari ya moshi wa jikoni. Walipomuuliza kazi alisema fundi wa redio, na nani angeshuku kazi safi kama hiyo, mtu amekaa kwenye kiti anashika bisibisi?

“Ngai,” nikasema. Mungu wangu.

“Mimi si daktari,” Wendy akasema haraka. “Inaweza kuwa kitu kingine. Lakini mwambie daktari wake hilo neno, beriliamu. Na wewe pia upimwe. Hiyo uliyokata iko wapi sasa?”

Iko ndani ya mashine. Na mashine inavuta hewa ya chumba kile, na unga uko sakafuni, uko kwenye sketi yangu, na nimeacha dirisha limefungwa ili mzee asipate baridi. Nikamwambia Wendy hayo yote, naye akaniagiza nifute kwa maji, nisifagie.

Akaingia mlango wa nyuma. Safari hii hata dakika mbili hazikuisha. Akarudi na fomu ya manjano, tayari ina jina langu na tarehe ya Jumatatu.

“Hii ndiyo niliendea,” akasema. “Vipuri vya mashine ya mgonjwa tunaviachilia siku hiyohiyo, ukiwa na barua ya daktari tu. Mkubwa alikuwa ameshaweka sahihi. Nilikimbia mpaka kwa ngazi, ulikuwa umeenda. Jana nikakupigia mara mbili.”

Jamani. Kifurushi chenyewe kilikuwa chumba cha nyuma, hatua ishirini kutoka pale niliposimama nikipiga kelele. Hasira hasara, tumeimbiwa tangu shule, na mimi nilikuwa naiona kama methali ya watu waoga. Kama ningekaa kwenye benchi lile dakika nyingine mbili, kopo lile lisingefunguliwa. Nilijichukia pale pale, mbele ya watu wote.

Nilifika Gatitu nikihema. Nikazima mashine, nikamfungulia baba mtungi, nikafungua madirisha yote.

“Kwani umerogwa?” akasema. “Inafanya kazi vizuri, unazima kwa nini?”

“Inapiga kelele mbaya.”

“Sijasikia kelele.”

“Baba, tafadhali. Twende kile chumba kingine.”

Nikamhamisha na mtungi wake. Nikajifunga leso puani, nikafuta sakafu, kitanda na mashine kwa vitambaa vilivyolowa maji, kama Wendy alivyoniagiza, bila kufagia. Kopo na vitambaa nikavifunga kwa mifuko miwili. Sketi nikaivua nikaifunga pamoja navyo. Baba aliniangalia kupitia mlango uliokuwa wazi na hakuuliza tena kitu. Yeye ni fundi. Fundi akiona mtu anafuta badala ya kupuliza, anajua kuna jambo.

Barua ya daktari niliipata Alhamisi saa mbili asubuhi. Saa tatu Wendy akanikabidhi kifurushi, nikatia sahihi mahali pawili, nikamwomba msamaha kwa sauti ileile niliyomtukania, ili benchi isikie. Akasema si kitu. Saa tano kasoro nilikuwa nimetoa lile jino, nimekata karatasi ya kijivu kwa mkasi, nimepaka grisi, nimefunga skrubu nne. Mashine ikanguruma vizuri. Mtungi ulikuwa umebaki na mshale unaotetemeka karibu na sifuri.

Baba akavuta pumzi kadhaa, akalaza kichwa kwenye mto.

“Sasa niambie,” akasema. “Ile kelele.”

Nilikuwa nimepanga kumdanganya. Njia nzima nilijiambia mzee hana haja ya kujua, amebakisha siku zake, mwache na sifa yake ya redio ambazo hazikurudi. Lakini baba hajawahi kunidanganya kuhusu kifaa hata kimoja. Nikatoa karatasi aliyonichapia Wendy, nikaanza kumweleza, nikashindwa katikati nikalia. Akaninyang'anya. Akaomba miwani.

Alisoma polepole kama anavyosoma mchoro wa redio, kidole kwenye kila mstari. Alipofika chini alirudi juu akaanza tena. Mashine ilikuwa inapiga pumzi zake kando yetu. Mara kidole kikasimama.

“Hapa wanasema madaktari waliandika habari ya huu ugonjwa mwaka wa arobaini na sita.”

“Ndiyo.”

“Mimi nilizaliwa hamsini.” Akavua miwani. “Nikianza kazi walikuwa wanajua. Wenye kutengeneza hizo redio walikuwa wanajua. Zikapandishwa meli, zikashuka, zikaletwa mpaka huku, zikafika kwa mikono yangu. Hakuna hata maandishi kwa sanduku, maitu. Nilikuwa nasoma kila kitu kwa sanduku.”

“Najua, baba.”

“Kifurushi yako walishika siku ngapi?”

“Siku tisa, tangu kifike.”

Akaupapasa mrija uliokuwa ukimpulizia puani. Hakuwa na hasira usoni, na hilo ndilo liliniumiza zaidi, maana hasira ningeiweza.

“Na hizo redio zangu,” akauliza, “ni nani alikuwa anashika?”

“Hakuna mtu, baba,” nikamjibu.